Mpira Niliopika kwa Mawese

Zaina, mama yangu,

Humu hutakuta habari ya koti, wala ya kupiga simu ukifika Kinshasa, wala ya kutokula vya watu usiowajua. Mama yako amekwisha kuyasema hayo mara tatu, na nina hakika hivi sasa anayasema mara ya nne, maana umekalia kigoda unasukwa nywele na huwezi kukimbia. Mbinzo kavu, wale viwavi unaowapenda, amekwisha kuzificha kati ya sweta zako mbili. Usimwambie nimekwambia.

Mimi niko karakana. Ni saa tisa alasiri, umeme umekatika tangu asubuhi, na bati la juu linalialia kwa joto. Mota mbili za mashua ziko chini zimefunguliwa, wenyewe wamekuja kuuliza na nimewafukuza. Nimemwambia mmoja nina homa. Homa sina. Nina kalamu, nina daftari lako la zamani la hesabu lililobaki na karatasi nyeupe, na nina moyo unaodunda kama mota iliyolegea. Nimefuta mikono mara nne na bado karatasi ina grisi. Utanisamehe kwa grisi. Kwa yaliyobaki, sijui.

Babu yako alitufundisha kuandika akiwa na fimbo mkononi, ndiyo maana kwenye kalamu nasema kama kitabu na mdomoni nasema kama mtu wa libongo, huku tunakofunga mashua. Leo nashukuru kwa fimbo ile. Mdomoni jambo hili limenishinda. Nimejaribu kukuambia tangu uliporudi kutoka Kinshasa kuchukua viza. Kila nikifungua mdomo unaniangalia na macho ya marehemu mama yangu, uliyerithi jina lake, nami naishia kuuliza kama umekula.

Chupa yako iko mbele yangu, juu ya meza, palepale ulipoiacha. Saa kumi na moja utapita hapa kufungua vali na kuifunga kwenye kitambaa uende nayo. Pampu ya baiskeli iko miguuni pangu. Kumbuka hiyo pampu, nitairudia.

Unakumbuka siku ya kwanza uliponieleza kazi yenyewe? Ulirudi kutoka chuo kikuu na kile kizima-moto cha gari, kitupu, ndiyo chupa hii iliyo mezani, umekinunua kwa mafundi wa magari, ukaniambia utakifanya tangi la satelaiti. Nilicheka mpaka nikakaa chini. Ukatia maji ndani, ukasukuma hewa juu yake kwa pampu, ukafunga vali, na mbele ya vali ukaweka kile kimrija cha shaba chenye waya wa kupasha moto. Ulipofungua, maji yakageuka mvuke, mvuke ukatoka kwenye kitundu ambacho hata sindano ingeingia kwa shida, na ile mizani yako ya uzi wa kuvulia ikasogea upana wa ukucha.

Nikasema, "Nguvu hii haiwezi kusukuma hata kuku."

"Papa," ukaniambia, "kule juu hakuna upepo, hakuna maji ya kukukamata. Kidogo inatosha. Ile ya mukubwa ni idumu. Satelaiti inaweza kungoja mwezi muzima, miezi sita, mbele ya kufungua vali. Kama inavuja, bon, imekufa. Hakuna mutu wa kupanda kule na pampu."

Nilijifanya sijaelewa ili unieleze tena, kwa kuwa nilipenda kukusikia. Ukanieleza kwamba hata mwisho wake, satelaiti ikichoka, inatakiwa iwe na maji ya kutosha kujishusha yenyewe ikaungue angani, isibaki inaelea na kugonga za wenzake. Hapo nilielewa bila kufundishwa. Mimi ni mtu wa mto. Gogo linaloelea halina mwenyewe, lakini mashua linayoipasua ina mwenyewe.

Ukavunjika moyo mara mbili. Vali ya kwanza ilivuja siku ya tatu, ya pili siku ya tano. Ukaacha kula. Mama yako akaja kwangu analia, anasema mashine itamuua mtoto. Nawe ukaniambia shida ni joint, ule mpira mdogo wa duara unaoziba ndani ya vali, na ukasema wazi kabisa, nakumbuka kila neno: "Papa, tafuta mupya. Ya zamani imekunywa esanse, haitakamata presha. Mupya, Papa, nakulomba."

Nilitafuta. Wallahi nilitafuta. Nilizunguka Makiso duka kwa duka siku nzima, nikavuka mto mpaka Lubunga. Kipimo kile hakikuwepo. Mikubwa ilikuwepo, midogo ilikuwepo, wako hakuna. Nikarudi jioni nikakukuta umekaa mlangoni, unaniangalia mikono. Sikuweza kusema sikupata. Baba mzima, fundi ambaye libongo lote linamwita kwa jina, akubali mbele ya mtoto wake kwamba ameshindwa na kampira? Nikakwambia, "Kesho wananiletea."

Sasa nikuambie siri ya mafundi wa libongo, ambayo hukuwahi kuijua kwa sababu sikuwahi kutaka uijue. Mpira mzee, uliokauka na kupasuka, tunaupika. Unachukua sufuria ndogo, unatia mawese, unachemsha, unautumbukiza mpira na kuuacha mpaka ujae. Ukitoka umevimba, mweusi, unang'aa, hata aliyeuuza dukani angeapa ni wake. Unakamata vizuri kabisa. Unakamata wiki, wakati mwingine mbili. Mteja analipa, anaondoka, na ukiharibika huko mbele ni mambo ya mto.

Mpira uliomo ndani ya vali yako niliupika mwenyewe. Niliutoa kwenye mota iliyokufa.

Ngoja ninywe maji.

Ulifurahi sana siku ile. Ulinibusu kichwani. Ukapandisha presha mpaka bar tatu na nusu, ukaandika kwenye daftari siku ya kwanza, ukasema ikikaa siku thelathini bila kushuka, wale watu wa chuo cha Toulouse watakuchukua, maana ndivyo walivyoandika: tuonyeshe vali inayoshika. Ikakaa. Siku ya kumi bado ilikuwa tatu na nusu, nami nikaanza kujidanganya kwamba Mungu amenihurumia.

Halafu malaria ikakulaza. Hukuweza kusimama. Ukaniomba mimi nikusomee kipimo cha presha kila asubuhi. Siku ya kumi na moja, natoka msikitini alfajiri, nikapita hapa karakana, nikaangalia: tatu na robo. Nilisimama pale na tasbihi mkononi. Nikafikiria uso wako umelala, midomo imekauka. Nikainama nikachukua pampu. Nikasukuma mara moja tu, mshale ukarudi mahali pake, nikaja nyumbani.

"Papa, iko ngapi?"

"Iko tatu na nusu, mama. Sawa ya jana."

Ukafumba macho ukatabasamu. Na mimi, mjinga, nilijisifu kwamba sikusema uongo. Kwa kuwa nilipampu kwanza, ndipo nikasoma, mdomo wangu ulisema kweli! Ona jinsi akili ya mtu inavyojitafutia mlango wa nyuma.

Basi nikaendelea. Kesho yake, na kesho kutwa. Ulipopona na kuanza kuja mwenyewe, mimi nilikutangulia. Ulidhani baba yako amekuwa mcha Mungu ghafla, anawahi msikitini kabla ya kila mtu. Mpaka siku ya thelathini. Ukaandika kwenye daftari: presha haikushuka. Ukatuma. Wakakuchukua. Mtaa mzima ukaja kutupongeza, mama yako akachinja kuku wawili, na mimi nilikaa kwenye kile kiti chekundu naitikia "asante, asante" na nyama yangu nawapa watoto.

Juzi ukaniambia, kwa furaha, kwamba wamekuandikia tena. Wanafunzi wenzako kule wanajenga satelaiti ndogo, ukubwa wa mkate, na vali yako wanataka kuijaribu iende ndani yake. Tangu juzi sijalala. Nilipoifanya niliona ni jambo la kati yangu na wewe na chupa. Sasa ni la watu ambao sijawahi kuwaona, wanaojenga kitu chao kwa mikono yao, wamekuamini.

Na hii si mara yangu ya kwanza, Zaina. Hapo ndipo aibu yangu inapozidi. Ingekuwa mara ya kwanza ningesema shetani alinipitia.

Unamjua Mama Bolumbu, anayeuza chai na mikate ya kukaanga juu ya ngazi za libongo. Wewe umemjua na chai tu. Zamani, ukiwa mtoto wa kubebwa mgongoni, alikuwa anauza esanse, mafuta ya mota, na ilikuwa safi, kila mwenye mashua alijaza kwake. Siku moja tonton Bosenga, mjomba wa wote libongo, mwenye ile mashua kubwa ya mbao iliyopakwa bluu, aliniletea mota. Mrija wa esanse ulikuwa na mpira umechoka. Nikaupika. Akapakia watu na mihogo, akateremka mto kwenda Isangi. Katikati ya njia mpira ukapasuka, mota ikavuta hewa badala ya esanse, ikazima. Mto ukawachukua tangu asubuhi mpaka jua kuzama, wanapiga maji kwa mbao na masahani, mpaka gogo likapasua ubavu wa mashua karibu na kisiwa. Mungu ni mkubwa, hakufa mtu. Mihogo yote ilizama, na mashua haikuwa mashua tena.

Waliniita nikaitazame mota. Jambo la kwanza nililofanya, kabla hata ya kuwapa watu pole, nilivuta ule mpira uliopasuka nikautia mfukoni. Halafu nikanusa tangi, nikatikisa kichwa kama daktari, nikasema, "Esanse iko na maji ndani."

Maneno manne, matano. Esanse ilikuwa ya Mama Bolumbu. Maneno kwenye libongo hayahitaji mota. Kwa mwezi mmoja hakuna aliyenunua kwake, na wa pili akauza mapipa, akaanza kukaanga mikate. Mimi nikaanza kunywa chai yake. Kila asubuhi, miaka yote hii, mvua au jua. Nilidhani nalipa.

Alhamisi iliyopita nilikwenda kwake. Niliona kwamba siwezi kukuambia wewe kabla sijajaribu kusema ukweli kwa mtu, kama unavyojaribu mota kwenye pipa kabla ya kuifunga kwenye mashua. Nikamwambia yote. Aliendelea kugeuza mikate kwenye mafuta, hakuniangalia.

"Papa Zaina," akasema mwishowe, "njo maana ulikuwa unakunywaka chai yangu kila siku?"

Nikasema ndiyo.

"Nzambe! Na miye nilifikiri unapenda chai yangu."

Zaina, ningependa anipige na ule mwiko wa moto. Nikamwambia anisamehe. Akasema, "Kuniambia miye peke yangu, ya nini? Miye nilijuaka tangu zamani kama esanse yangu haikukuwa na maji. Sema kwa ile watu uliambia siku ile." Ijumaa, baada ya sala, nikasimama kwenye ngazi, mashua zikipakia, nikasema. Wengine walicheka. Tonton Bosenga alikuwa amekaa na bakora yake, sasa ni mzee. Akasimama, akatema mate kando, akaenda zake. Hajaitika salamu yangu tangu hapo, na wateja watatu wamechukua mota zao kwa fundi mwingine. Mama Bolumbu alinimiminia chai. Sukari hakuweka.

Sikwambii haya ili unione shujaa. Nakwambia ili ujue kwamba ukisema kweli, watu hawakupigii makofi. Mama yako huwa anasema mficha maradhi kifo humuumbua, nami nilikuwa naitikia tu, nikifikiri ni habari ya wagonjwa. Ninachojua mimi ni hiki kidogo: siku ile mkono wangu ulipoingia mfukoni na mpira uliopasuka, ilikuwa rahisi. Ilikuwa rahisi mno. Na siku ya pampu, mkono ulikuwa unaijua njia tayari.

Nina hofu nyingi leo, na nyingine ni za kijinga. Naogopa ndege, naogopa baridi inayouma watu masikio, naogopa utaoa, pardon, utaolewa na mtu asiyejua kula samaki wenye miiba. Lakini hofu iliyonikalia kifuani ni mbili tu. Ya kwanza, kwamba utasoma hii ukatae kupanda ndege, useme nafasi si yako. Ya pili, kwamba hutasoma, utapanda, na siku moja kule mbele ya watu mshale utashuka, utakuwa peke yako, na mkono wako utatafuta pampu. Kwa sababu wewe ni mtoto wangu. Hiyo ya pili ndiyo inayoniamsha.

Mpango wangu wa kwanza, nikwambie ukweli wote, ulikuwa kuiingiza barua hii kwenye sanduku, chini ya mbinzo. Ungeikuta ukiwa umefika, mbali, usiweze kunipigia kelele. Nilikuwa nimekwisha kukunja karatasi ya kwanza. Halafu nikaona: huko ni kuupika mpira tena. Ukiondoka bila kujua, nimekuchagulia mimi.

Kwa hiyo utaisoma leo, hapa, mimi nikiwepo. Simu yako ina mtandao, wale watu wa Toulouse unaweza kuwaandikia jioni hii kabla ya ndege. Au usiwaandikie mpaka ufike usimame mbele yao. Au uniambie niwaandikie mimi, ingawa Kifaransa changu kitawachekesha. Sitakuambia lipi. Nikikuambia, nitakuwa nimeshika tena kile kisichokuwa changu.

Kitu kimoja tu ninacho cha kukupa. Nyuma ya mlango wa kabati ya plagi za mota kuna mistari ya chaki. Fundi hawezi kugusa kitu bila kuweka alama, hata akiwa anaiba. Kila alfajiri niliposukuma niliandika nimesukuma mara ngapi, tangu siku ya kumi na moja mpaka ya thelathini. Mwanzo ni mara moja, katikati ni mara mbili, mwisho ni mara nne. Uvujaji wote uko pale, siku kwa siku. Mimi sijui una faida gani. Wewe ndiye msomi. Lakini ni hesabu ya kweli, pekee iliyotoka kwenye chupa hii, na ni yako. Piga picha kabla mama yako hajaja kupanguza, unamjua.

Tangu siku ya thelathini sijasukuma tena. Ulikuwa umefunga daftari, halafu ukaenda Kinshasa, na tangu urudi hujaingia humu, nikaiacha chupa iseme yenyewe. Leo asubuhi niliinamia pampu mara mbili. Ingechukua dakika. Ungeingia, ungeangalia, ungetabasamu, ungefunga vali yako kwenye kitambaa tukaenda kula. Bado iko miguuni pangu, ninaigusa na kidole cha mguu ninapoandika. Sijaichukua. Ukiingia ukaona nimeishika, ninyang'anye.

Saa kumi na moja kasoro. Nasikia mama yako barabarani anagombana na mtu wa baiskeli, kwa hiyo na wewe uko nyuma yake, unacheka kwa kujificha na nywele zako mpya. Kabati nimeifungua. Barua nitaiweka juu ya chupa. Najua utaingia na kuuliza iko ngapi kabla hata ya salamu, kama siku zile za homa, nami mdomo wangu siuamini, ndiyo maana jibu naliandika hapa.

Iko moja na robo, mama. Leo iko moja na robo.

Papa yako